Baba anapuliza na mipira haipandi: kidude cha pumzi baada ya operesheni kinatumikaje

SWALI: Shikamoo. Baba yangu ana miaka 67, siku nne zilizopita amefanyiwa operesheni kubwa ya tumbo, mshono unaanzia chini ya kifua unashuka mpaka kitovuni. Walimpa kidude cha plastiki chenye mipira mitatu wakasema awe anafanya mazoezi ya pumzi, basi. Anapuliza mpaka anachoka lakini mipira haipandi hata mmoja, alafu mshono unamuuma. Ndugu wengine wanasema tumuache alale, mgonjwa anatakiwa kupumzika. Alivuta sigara miaka mingi ila ameshaacha. Naomba kujua hiki kidude kina faida kweli au ni pambo tu, afanye mara ngapi kwa siku, na mpaka lini?

JIBU: Marahaba mwanangu, na pole ya kuuguza. Nianze na neno moja tu kwenye maelezo yako, umeandika baba "anapuliza". Hapo hapo ndo kwenye shida. Kile kidude hakipulizwi, kinavutwa. Anaweka mdomo kwenye mrija alafu anavuta hewa kuingia kifuani, kama mtu anayekunywa uji mzito kwa mrija, polepole, na mipira inapanda yenyewe kwa sababu hewa inapita kwenye vile vyumba vyake ikielekea kwake. Akipuliza mipira itakaa chini hivyo hivyo, hata apulize mpaka mishipa ya shingo isimame. Na wala sio baba yako peke yake, kwenye kazi hii ya fiziotherapia nimekuta wagonjwa wengi mno wanapuliza, wengine wameshapuliza siku tano sita, manake aliyewapa kidude alisema "fanya mazoezi ya pumzi" akaenda kwa mgonjwa mwingine, na mtu yeyote akipewa kitu chenye mrija akili inamtuma apulize kama anajaza puto. Kwahiyo kabla hujasoma mengine, nenda kamwambie avute, alafu urudi tuendelee.

Sasa kwa nini tunahangaika na mapafu wakati aliyepasuliwa ni tumbo? Hili naomba ulielewe vizuri sababu ukilielewa wewe utaweza kuwaelewesha na hao ndugu wanaosema alale.

Ndani ya mapafu kuna vifuko vidogo sana vya hewa, mamia ya mamilioni, na huko ndo oksijeni inapoingilia kwenye damu. Mtu akipewa nusu kaputi misuli inalegea, ikiwemo kiwambo, ule msuli mpana uliojikunja kama kuba unaotenganisha kifua na tumbo. Kwa vile amelala chali, vitu vya tumboni vinasukuma kiwambo kwenda juu, sehemu za chini na za nyuma za mapafu zinabanwa na vile vifuko vinaanza kufunga. Hii haichukui siku, inachukua dakika, na inawapata karibu wagonjwa 9 kati ya 10 wanaopewa nusu kaputi, hata vijana wenye mapafu mazima. Kuna na suala la oksijeni nyingi ya kwenye mashine: hewa ya kawaida sehemu yake kubwa ni naitrojeni, ambayo damu haiinyonyi kwa haraka, kwahiyo inabaki ndani ya kifuko inakishikilia kiwe wazi, lakini kifuko kikijaa oksijeni tupu inanyonywa yote na kifuko kinajikunja. Kuta zake zikishagusana zinanatana kama mfuko wa nailoni ulioloa, na kuufungua tena kunataka nguvu kuliko kuuzuia usifunge.

Kijana aliyepasuliwa goti akiamka, akakaa, akasimama, vifuko vingi vinafunguka bila mtu kuhangaika. Kwa mzee aliyepasuliwa tumbo la juu mambo ni tofauti kabisa. Mshono uko jirani na kiwambo, na kiwambo chenyewe kinafanya kazi kwa kulegalega siku kadhaa baada ya operesheni, na sio kwa ajili ya maumivu tu, hata maumivu yakidhibitiwa vizuri bado mishipa ya fahamu inakizuia kisijikaze kama kawaida. Uwezo wa kuvuta pumzi ndefu unaweza kushuka mpaka nusu ya ule aliokuwa nao kabla ya operesheni, na kurudi unachukua wiki au zaidi. Juu ya hapo weka maumivu, kila akitaka kuvuta hewa mshono unamchoma, basi anaishia kuvuta vipumzi vifupi vifupi vya juu juu mchana kutwa.

Na kuna kitu ambacho wengi hawakijui. Mtu mwenye afya, bila hata kujijua, kama mara 12 hivi kila saa anavuta pumzi ndefu, kubwa kama mara mbili ya zile za kawaida, alafu anaishusha. Tunadhani ni ya mawazo au ya kuchoka, kumbe mwili unafungua vifuko vilivyoanza kufunga. Baada ya operesheni, kwa sababu ya maumivu na kwa sababu ya zile dawa kali za kutuliza maumivu za jamii ya mofini, hizo pumzi zinapungua sana au zinapotea. Hapo ndo kidude kilipozaliwa. Mpasuaji Mmarekani Robert Bartlett na wenzake, mwanzoni mwa miaka ya 1970, walitaka kitu cha kumfanya mgonjwa arudie kwa makusudi ile pumzi ndefu ya kama mtu anayepiga mwayo, na awe anaona kwa macho yake kwamba ameivuta. Kwahiyo dawa sio ile plastiki, dawa ni pumzi yenyewe, mipira ni ya kukuonyesha tu umevuta au hujavuta.

Sehemu ya pafu iliyofunga ikikaa hivyo siku mbili tatu, makohozi yanabaki huko huko, hewa haipo ya kuyasukuma yatoke, bakteria wanapata mahali pa kuzaliana, na huo ndo mwanzo wa nimonia ya baada ya operesheni. Kwa aliyevuta sigara miaka mingi hatari inapanda, sababu vile vinyweleo vidogo vya kwenye njia za hewa vinavyofagia makohozi kwenda juu vimechakaa, na makohozi yenyewe ni mengi na mazito. Nashukuru sana kwamba mzee aliacha, hilo limemsaidia na litaendelea kumsaidia, ila bado yupo kwenye kundi la kuangaliwa kwa karibu.

Haya, namna ya kufanya. Hapa nitakaa kidogo sababu ndo pana maana kuliko kwingine kote.

Kwanza maumivu. Usimwambie mtu avute pumzi ndefu wakati dawa ya maumivu imeisha mwilini, unamtesa bure na kesho atakificha hicho kidude. Angalia anakunywa dawa saa ngapi alafu ule mzunguko mkubwa wa mazoezi uwe kama nusu saa mpaka saa moja baada ya dawa. Na kama hata baada ya dawa hawezi kuvuta pumzi au kukohoa, hiyo ni taarifa ya kumpelekea daktari au nesi leo leo, mwambieni hivyo hivyo kwa maneno hayo, "anashindwa kukohoa kwa maumivu". Wagonjwa wa umri wake wengi wanaona kulalamika ni udhaifu, wananyamaza, wanaulizwa "unaumwa?" wanajibu "nafuu tu", kumbe wamelala kimya kwa sababu wakijigusa wanaumia. Maumivu ambayo hayajadhibitiwa yanaua zoezi lote hili. Ila msimuongezee dozi wenyewe, hilo hapana.

Pili akae. Kwenye kiti ni bora kuliko kitandani, na kama hajaweza kiti basi kichwa cha kitanda kiinuliwe na mito iwekwe mgongoni mpaka awe wima kadiri anavyoweza, asiteleze akajikunja tumboni. Mtu akikaa wima vya tumboni vinashuka na kiwambo kinapata nafasi ya kushuka. Akilala chali anavuta dhidi ya uzito wa tumbo lake mwenyewe.

Alafu ashike kidude kikiwa kimesimama wima, kisiinamishwe, manake ukikiinamisha mipira inapanda kirahisi na inakudanganya. Atoe hewa kwanza kwa kawaida, bila kujikamua. Abane mrija kwa midomo vizuri hewa isipite pembeni, kama ana meno ya bandia na yanakaa vizuri ayavae. Alafu avute, polepole, kwa mfululizo, akiwaza hewa inakwenda chini kwenye mbavu za mwisho na sio juu mabegani, wewe unaweza ukaweka viganja vyako pembeni ya mbavu zake za chini ukamwambia "sukuma mikono yangu". Akifika mwisho, asiachie. Ashikilie hapo juu, mhesabie taratibu moja, mbili, tatu, akiweza mpaka tano. Ndo atoe mrija mdomoni, atoe hewa kwa utulivu, apumzike kwa pumzi mbili tatu za kawaida, arudie.

Hiyo ya kushikilia watu wanairuka kila siku na inaniuma kweli, sababu humo ndo faida ilipo. Vifuko havifunguki vyote kwa wakati mmoja. Vile vizima vinajaa haraka, vile vilivyonatana vinachelewa, vinahitaji sekunde kadhaa za hewa kukaa pale ili ipenye hata kwa kupitia vijitundu vilivyopo kati ya kifuko na kifuko jirani. Ukivuta ukaachia hapo hapo umejaza vile vilivyokuwa vizima tu.

Sasa kuhusu mipira. Kwenye vidude vingi vya aina hii ubavuni kumeandikwa namba 600, 900 na 1,200. Hizo ni mililita kwa sekunde, yaani ni mwendo wa hewa, sio kiasi cha hewa. Mpira wa kwanza unapanda ukivuta kwa mwendo wa mililita 600 kwa sekunde, wa pili 900, wa tatu 1,200. Watu wanafanya mashindano ya kupandisha yote mitatu, anavuta kwa ghafla kama mtu aliyeshtuka, mipira inaruka juu paa, inadondoka, familia inapiga makofi. Hebu tupige hesabu. Mitatu ikipanda kwa nusu sekunde tu, hewa iliyoingia ni kama mililita 600, hiyo ni pumzi ya kawaida ya mtu aliyekaa, haijafungua kitu. Mpira mmoja ukikaa juu kwa sekunde tatu, 600 mara 3 ni mililita 1,800, karibu lita mbili. Umeona tofauti? Kwahiyo baba yako lengo lake siku hizi ni mpira wa kwanza tu, upande na ukae juu, leo sekunde moja, kesho mbili, keshokutwa tatu. Wa pili utakuja wenyewe akipata nguvu. Wa tatu usiuwaze kabisa, kwenye zoezi hili la polepole wala hauhitajiki.

Ipo aina nyingine yenye bomba pana lenye pistoni inayopanda, imeandikwa mililita mpaka 2,500 au 4,000 hivi, hiyo inapima kiasi chenyewe cha hewa na pembeni ina kialama kidogo cha kukuonyesha kama unavuta kwa pupa. Mimi binafsi naipenda zaidi kwa sababu inampa mgonjwa namba anayoielewa. Ila ya mipira ikitumiwa vizuri inafanya kazi, msihangaike kutafuta nyingine.

Mara ngapi? Mazoea ya kazi yetu ni pumzi 10 kila saa akiwa macho. Usiku asiamshwe kwa ajili hiyo, usingizi nao ni tiba, ila akiamka mwenyewe kwenda haja afanye chache. Na hizo 10 zisifanywe mbio mbio, zikienda haraka kichwa kinazunguka na vidole na midomo inapata ganzi, akihisi hivyo aache, apumue kawaida dakika chache, alafu aendelee taratibu. Kwa mzee wa siku ya nne naona afadhali pumzi tano nzuri, mapumziko, alafu tano nyingine, kuliko kumi za kujikokota. Shida kubwa ya kidude hiki sio zoezi kuwa gumu, shida ni kusahaulika. Kuna utafiti ulichapishwa mwaka 2019 kwa waliofanyiwa operesheni ya mishipa ya moyo, kundi moja walipewa kidude chenye kengele ya kukumbusha, wakakitumia mara nyingi zaidi na mapafu yao yakaonekana kusinyaa kidogo kuliko wale ambao kengele zao zilizimwa. Simu yako ina alamu, itege kila saa. Na kidude kikae mezani mkono wake unapofika, kikiingia kwenye kabati kimeshakwisha.

Baada ya hizo pumzi ndo kinakuja kitu ambacho naona hamkuambiwa kabisa, kukohoa. Pumzi zimefungua njia na kuyalegeza makohozi, sasa yatoke. Mpe mto au taulo lililokunjwa, alikumbatie kwa nguvu juu ya mshono kwa mikono yote miwili, ainame mbele kidogo, avute hewa, akohoe mara mbili tatu kwa nguvu. Ule mto unaubana mshono usivutwe, maumivu yanapungua sana, na ile hofu ya "nyuzi zitaachia" inatulia. Kwa kawaida kukohoa huku ameshikilia hakufumui mshono uliofungwa vizuri. Akishindwa kukohoa kabisa kuna njia laini zaidi: avute hewa ya wastani, afungue mdomo na koo, alafu atoe hewa kwa kasi kwa sauti ya "haaa", kama unavyopumulia kioo kiingie ukungu ili ukifute. Mara mbili tatu hivyo, makohozi yanasogea juu, kikohozi kimoja kinayamalizia. Akitoa makohozi asiyameze, ateme kwenye karatasi laini na uangalie rangi yake.

Umeuliza kina faida kweli au ni pambo. Nitakujibu ukweli wote sababu na mimi nilishawahi kuamini kidude kuliko nilivyotakiwa. Tafiti zilizolinganisha wagonjwa wa operesheni za tumbo wanaotumia kidude na wasiotumia hazijaonyesha kwamba kidude peke yake kinapunguza nimonia. Mapitio ya mwaka 2014 ya Cochrane, mtandao wa kimataifa wa watafiti wanaokusanya na kuchambua tafiti za tiba, yalikusanya tafiti 12 zenye wagonjwa 1,834 na hayakukuta faida ya wazi, ingawa waandishi wenyewe walisema tafiti nyingi zilikuwa na kasoro. Na chama cha wataalamu wa upumuaji cha Marekani tangu 2011 kinashauri kisitumike peke yake, kiende pamoja na pumzi ndefu, kukohoa, kuinuka mapema na kutuliza maumivu vizuri.

Ukiishia hapo utasema basi tukitupe. Lakini angalia na upande wa pili. Mwaka 2018 ulitoka utafiti wa Australia na New Zealand, watu 441 waliokuwa wanasubiri operesheni ya tumbo la juu. Nusu walipewa kijitabu tu, nusu walikaa na mtaalamu wa fiziotherapia kwa dakika 30 kabla ya operesheni, akawaeleza mapafu yatapatwa na nini na akawafundisha kuvuta pumzi ndefu na kukohoa, waanze wenyewe mara tu wanapoamka. Matatizo ya mapafu kundi la kijitabu yalikuwa asilimia 27, kundi la waliofundishwa asilimia 12. Dakika thelathini za kuelekezwa na mtu, bila kidude chochote! Na huko Marekani, kwenye hospitali ya Boston Medical Center, walianzisha mpango wanaouita I COUGH, ambao unaunganisha kidude, kukohoa, usafi wa kinywa, kumwelewesha mgonjwa na ndugu zake, kumtoa kitandani angalau mara tatu kwa siku, na kuinua kichwa cha kitanda. Kwenye ripoti yao ya mwaka 2013 nimonia ilishuka kutoka asilimia 2.6 mpaka 1.6.

Kwahiyo jibu langu ni hili, kidude kikiachwa peke yake kwenye meza ni pambo, kikiwa sehemu ya kazi nzima kinasaidia, na hata kikipotea kesho asubuhi hamjapoteza tiba. Anaweza kufanya pumzi zile zile bila kidude: anavuta kwa pua taratibu mpaka mwisho, anaongeza kijipumzi kingine kidogo juu yake, anashikilia hesabu ya tatu, anaachia. Mimi kwa mzee kama baba yako bado napenda kidude kiwepo kwa sababu moja, kinamfanya aone maendeleo yake kwa macho, na mtu anayeona anapanda anaendelea.

Hao ndugu wanaosema alale, waeleze kwa upole, wanasema hivyo kwa kumpenda. Lakini kwa operesheni hii kulala chali siku nzima ndo kunakoziba mapafu. Kama daktari wake hajakataza, siku ya nne anatakiwa awe anakaa kwenye kiti wakati wa kula, anasimama, anatembea hatua chache akiwa na mtu pembeni, mara tatu kwa siku au zaidi. Kutembea kunamlazimisha kupumua kwa kina bila hata kufikiria, na kunamkinga pia na damu kuganda miguuni. Na apige mswaki asubuhi na jioni hata kama hali vizuri, watu wanashangaa meno yanahusianaje na mapafu, ni kwamba bakteria wa mdomoni wanateleza na mate usiku kuingia kwenye njia ya hewa na mgonjwa dhaifu hana nguvu ya kuwakohoa.

Mtasikia pia kuhusu vifaa vingine, niwagusie kidogo msichanganye. Kuna vile vya springi vinavyofanya kuvuta hewa kuwe kugumu, hivyo ni vya kujenga misuli ya kupumua na faida yake kubwa imeonekana vikitumiwa wiki kadhaa kabla ya operesheni. Utafiti wa Uholanzi wa mwaka 2006 kwa wagonjwa 279 wa mishipa ya moyo waliokuwa kwenye hatari kubwa ulionyesha matatizo ya mapafu yakishuka kutoka asilimia 35 mpaka 18. Kwahiyo kama kuna mtu mwingine kwenye ukoo anasubiri operesheni, amuulize daktari mapema. Kwa baba sasa hivi sio wakati wake. Na kuna vya kupuliza kweli, unapuliza dhidi ya ukinzani au kwenye chupa ya maji yakatoa mapovu, vile ni vya kusaidia kutoa makohozi na kuna operesheni ambazo haviruhusiwi, kwahiyo visianzishwe bila mtaalamu. Kujaza maputo ndo kabisa, kunamchosha na hakumpi ile pumzi ndefu ya kuingia tunayoitafuta.

Tahadhari. Kama anatumia oksijeni ya mirija ya puani, asiivue wakati wa zoezi. Kama kuna mtu ameambiwa ana hewa iliyovuja nje ya pafu, au amefanyiwa operesheni ya ubongo au ya jicho, hayo mazoezi na hasa kukohoa kwa nguvu asifanye mpaka daktari wake aruhusu. Na kwa baba, mrudishe hospitali haraka ukiona anahema akiwa amekaa tu, pumzi zinazidi 25 kwa dakika akiwa ametulia (mhesabie dakika nzima bila kumwambia unahesabu), midomo inabadilika kuwa ya bluu au kijivu, anachanganyikiwa ghafla, makohozi yamekuwa ya njano nzito au kijani au yana damu, kifua kinachoma kama kisu akivuta hewa, au mguu mmoja umevimba na kuuma nyuma ya goti au kwenye shavu la mguu. Homa nayo isipuuzwe. Zamani tulifundishwa kwamba homa ya siku mbili za kwanza inatokana na mapafu kusinyaa kwa hiyo isikupe wasiwasi, lakini tafiti hazijaonyesha huo uhusiano, na yeye ameshapita siku hizo, kwahiyo homa sasa hivi inahitaji kutafutiwa chanzo. Mshono ukianza kutoa maji mengi ghafla au kufunguka, hapo pia ni hospitali.

Usafi, mrija wa mdomoni uoshwe kwa sabuni na maji kila siku ukaushwe, na kidude ni cha kwake peke yake, wajukuu wasikichezee hata kama mipira inawavutia.

Mpaka lini? Hakuna tarehe moja ya kila mtu. Siku za mwanzo ndo hatari zaidi, na uwezo wa pumzi unarudi taratibu kwa wiki moja mbili. Mimi naangalia mambo matatu: anatembea mwenyewe mchana kutwa, hana makohozi, na anaweza kuvuta pumzi mpaka mwisho na kukohoa bila kujikunja. Yakitimia yote anapunguza, badala ya kila saa inakuwa mara nne tano kwa siku, alafu anaacha. Akirudi kliniki ya kuangaliwa mshono abebe kidude mkononi, avute mbele ya daktari au mtaalamu wa fiziotherapia wamuone anavyofanya. Na leo jioni, nusu saa baada ya dawa yake ya maumivu, mkalishe kwenye kiti ukae mbele yake, avute uhesabu, alafu niandikie mpira wa kwanza umekaa juu sekunde ngapi.